Kasi ya mahakama itafutwe kwenye maahirisho

Vijana wanaoingia kwenye utawala wa mahakama huniuliza swali lilelile kwa namna nyingi. Wakuu wa kazi wanataka mashauri yaishe, wadaawa wanataka wasikilizwe mpaka mwisho, sasa mtu wa masjala amfuate nani? Nimeishi na swali hilo miaka mingi, kwanza nikiwa karani wa kupokea majalada, baadaye nikiwa na dhamana ya kupanga ratiba ya mahakama nzima. Ninachowashauri ni hiki: punguza muda wa kungoja, usiguse muda wa kusikilizwa.

Chukua jalada la shauri lililokaa kortini miaka mitatu, usome mwenendo wake tangu siku lilipofunguliwa. Mashahidi walisimama na kusema kwa siku mbili, pengine tatu. Kurasa nyingine zote zinaeleza kwamba shauri limekuja kwa kutajwa, yaani kuitwa ili lipangiwe hatua inayofuata bila kusikilizwa, upande mmoja haupo, limeahirishwa. Humo ndimo miaka ilimoishia, na anayetaka kasi aanze humo. Nimewaona viongozi wakifanya kinyume. Wanabana idadi ya mashahidi, wanamkatiza mtu asiye na wakili kwa sababu anajieleza kwa kuzunguka, halafu shauri hilohilo linalala miezi minne kwa kuwa nakala ya mwenendo haijachapwa. Mtu amenyimwa dakika ishirini zake, na mahakama haikupata chochote.

Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa 1966 unayaweka haya mawili bega kwa bega. Katika ibara ya 14, mshtakiwa anapewa haki ya kuwa na muda wa kutosha na nyenzo za kuandaa utetezi wake, na kipengele kinachofuata kinampa haki ya kesi yake kuamuliwa bila kucheleweshwa isivyostahili. Wiki sita za kuandaa utetezi ni muda wenye kazi. Wiki sita za kuulizana kama hati ya wito ilimfikia mtu au haikumfikia ni muda mtupu, na mshtakiwa hakuuomba.

Kwa hiyo anza kwa kuandika sababu ya kila ahirisho. Neno "limeahirishwa" halitoshi. Andika nani aliomba, kwa sababu gani, na sababu hiyo ilijulikana lini. Safu hiyo ya tatu ndiyo iliyonionyesha njia mahali nilipofanya kazi. Wakili alikuwa na shauri mahakama ya juu siku hiyohiyo na alilijua tangu wiki iliyotangulia. Wito ulikuwa umerudi bila kumfikia shahidi, ukawekwa kwenye trei. Hati ya kumtoa mahabusu gerezani haikuwa imetumwa. Sehemu kubwa ya maahirisho yetu ilikuwa imeshatokea kabla ya siku ya shauri, ila hakuna aliyekuwa na kazi ya kuuliza.

Tukampa karani mmoja kazi hiyo. Siku chache kabla ya kila tarehe ya kusikilizwa anakagua kama wito umefika, kama hati ya mahabusu imekwenda, kama jalada liko mezani na si kabatini kwa mtu, na kama mawakili wa pande zote wana nafasi. Tarehe nyingine ziliokolewa. Zile zisizookoleka zilijulikana mapema, nafasi yake ikapewa shauri lingine, na mashahidi wakaambiwa wasije. Hakuna mdaawa aliyepunguziwa hata dakika moja ya kusema.

Ahirisho lina upande, na hili ningependa kila karani alishike. Mdaiwa asiye na nia ya kulipa, anayekaa kwenye nyumba inayogombewa, mwajiri aliyemfukuza mtu na anajua kwamba mtu huyo hana akiba: kila tarehe mpya ni ushindi mdogo kwao. Hakimu anapokubali ombi la kuahirisha kwa upole, upole huo unalipwa na yule aliyefika na mashahidi wake. Rejista ya sababu inamwonyesha hakimu nani anaomba kila mara. Ombi la kwanza lenye sababu lisikilizwe. La tatu liandikwe, na mwombaji alipe gharama za mashahidi waliokuja bure.

Ila ukali huo uanzie kwa wanaozijua kanuni. Nimeshuhudia "hakuna kuahirisha tena" ikimwangukia mama asiye na wakili aliyekuwa anatafuta hati moja, na wiki hiyohiyo upande wa mashtaka ukapewa nafasi ya sita kwa kuwa upelelezi haujakamilika. Hapo hakuna kasi wala haki. Mahakama yenyewe nayo ijihesabu: hakimu kuwa safarini, hukumu kutokuwa tayari, jalada kutoonekana, vyote viandikwe kwenye rejista ileile.

Kuhusu kuwaita watu wote saa tatu asubuhi, nitasema wazi kwamba siupendi utaratibu huo. Unamlinda hakimu asikae bure, na unaila siku nzima ya kila mtu mwingine. Mashauri ya kutajwa yaitwe mwanzoni, yaishe. Ya kusikilizwa yapewe saa yake. Woga wa wasimamizi ni wa kweli: shauri la saa nne likianguka, hakimu anabaki hana kazi. Dawa yake ni orodha ya akiba, yaani mashauri mafupi ya hoja za kisheria ambayo mawakili wamekubali mapema kuitwa kwa taarifa fupi.

Sasa nije kwenye jambo linaloniuma zaidi, yaani kufuta mashauri kwa kutohudhuria. Mdai hayupo, shauri linafutwa, kwenye taarifa ya mwezi linahesabiwa kuwa limemalizika. Baada ya muda anakuja na ombi la kulirejesha, ombi linapewa namba yake, nalo likiamuliwa linahesabiwa. Shauri likirudi na kuisha, linahesabiwa tena. Ugomvi mmoja umeipa mahakama mashauri matatu yaliyomalizika, na watu wawili wamepoteza mwaka. Mara ngapi mdai hakuwepo kwa sababu tarehe ilibadilishwa bila yeye kujulishwa? Kabla hakimu hajafuta, karani amwekee mbele uthibitisho kwamba mtu huyu alijulishwa tarehe hii. Uthibitisho usipokuwepo, lisifutwe. Kazi hiyo inachukua dakika mbili.

Ndiyo maana sipendi uwiano wa mashauri yaliyomalizika kwa yaliyofunguliwa uwe kipimo peke yake. Kamisheni ya Ulaya ya ufanisi wa utoaji haki, chombo cha Baraza la Ulaya, hutumia pia hesabu nyingine nyepesi: mashauri yaliyobaki yanagawanywa kwa yaliyomalizika katika mwaka, jibu linazidishwa kwa 365, unapata makadirio ya siku ambazo yaliyobaki yatahitaji kwa mwendo uliopo. Ni nzuri, ila nayo inaficha vikongwe. Mahakama inaweza kumaliza mashauri mapya na mepesi kwa wingi, tarakimu zikapendeza, huku shauri gumu la mirathi likizeeka chini kabisa ya rundo. Mimi huomba kila mwezi umri wa mashauri yaliyobaki, kuanzia la zamani kuliko yote, na sentensi moja inayoeleza limekwama wapi.

Usawa kati ya mashauri maana yake si kila shauri kupewa muda uleule. Kanuni za madai za Uingereza na Wales zilizoanza kutumika 1999, kufuatia kazi ya jaji Lord Woolf ya kupendekeza mageuzi ya mashauri ya madai, zilipanga mashauri katika njia tatu kulingana na uzito na ugumu wake. Zinaitaka pia mahakama ilipe kila shauri sehemu inayostahili ya rasilimali zake, ikikumbuka kwamba mashauri mengine nayo yanazihitaji. Nakubaliana nazo kabisa. Wiki nzima ya mabishano kuhusu deni dogo inachukuliwa kutoka kwa mtu ambaye hayumo chumbani.

Ukomo wa muda unasaidia, lakini uwekwe kwa uangalifu. Mahakama ya Juu ya Kanada, katika shauri la Jordan la 2016, iliweka miezi 18 kwa kesi za jinai zinazosikilizwa katika mahakama za majimbo na miezi 30 kwa zile za mahakama za ngazi ya juu yake, kuanzia mtu anaposhtakiwa, bila kuhesabu ucheleweshaji unaotokana na utetezi wenyewe. Muda ukipita na upande wa mashtaka ukashindwa kuonyesha mazingira ya kipekee, kesi inasitishwa. Mshtakiwa analindwa. Aliyetendewa uhalifu naye anaondoka bila hukumu, kwa uzembe usio wake. Kama mahakama yako ina ukomo, weka tahadhari ya ndani ukiwa umefika nusu ya muda, wakati bado kuna la kufanya.

Lipo eneo moja ambalo nakubali ufanisi upungue kidogo: ugawaji wa majalada. Msimamizi akiona hakimu mmoja ana nafasi na mwingine amelemewa, mkono unamwasha kuhamisha. Ujerumani wameuzuia mkono huo. Ibara ya 101 ya Katiba yao inasema hakuna mtu atakayeondolewa kwa jaji wake wa kisheria, na mpango wa kugawa mashauri huwekwa kabla ya mwaka kuanza, hata kabla ya mashauri yenyewe kuwepo. Kuhamisha kunaruhusiwa kwa sababu maalumu tu, kama jaji kulemewa. Nafuata hilo: jalada lihame kwa kanuni iliyoandikwa mapema, na sababu ibaki ndani ya jalada. Simu ya kuomba "hili lipelekwe kwa fulani" isipate mlango.

Na mahabusu watangulizwe mbele ya kila kitu. Mtu aliyeko rumande kwa kosa dogo, akiona tarehe ya kusikilizwa iko mbali kuliko kifungo ambacho angepewa, atakiri ili aende nyumbani, hata kama hakutenda. Kwenye taarifa ya mwezi hilo litaonekana kama shauri lililokwisha haraka bila hata shahidi mmoja, na hakuna atakayekata rufaa kukuambia. Kila wiki toa orodha ya mahabusu, na mbele ya kila jina andika siku alizokwisha kaa na adhabu ya juu kabisa ya kosa analoshtakiwa. Anza na wale ambao tarakimu hizo mbili zinakaribiana. Ipeleke kwa hakimu mwenyewe, mkononi, na umwombe tarehe za wiki hiyohiyo.