Kabla Hujaomba Pasipoti, Tafuta Kwanza Karatasi za Baba

Tangu niweke mtandaoni picha ile nimeshika pasipoti mbele ya duka langu pale Makoroboi, hapa Mwanza, inboksi haipumui. Mmenipongeza, asanteni sana. Kuna mliouliza nauli ya Guangzhou, hiyo tutaiongea siku yake. Lakini kijana mmoja wa Sengerema ameniandikia hivi: "Dada, kila kitu ninacho, ila wamenirudisha nikalete cheti cha kuzaliwa cha baba. Baba alifariki mimi niko darasa la pili. Nifanyeje?"

Mdogo wangu, umenigusa penyewe. Nilipanga kukujibu wewe peke yako, halafu nikaona hapana, wenye shida yako ni wengi kuliko wanaosema.

Najua nyote mnaonifuatilia hapa tuna kiu moja: kuacha kuchukua mzigo Kariakoo kwa mtu aliyekwisha kula faida yake, tukaufuate wenyewe Uchina. Basi mjue safari hiyo haianzii uwanja wa ndege. Inaanzia kwa wazazi wako, na kama wametangulia mbele ya haki, inaanzia kwenye makaratasi waliyoacha.

Sisi wa mjini tunadhani uraia ni kuzaliwa hapa, kusoma hapa na kupiga kura hapa. Ukifika dirishani Uhamiaji unaulizwa habari za mzazi. Fomu ya pasipoti inataka cheti chako cha kuzaliwa, namba yako ya NIDA (ya kitambulisho cha taifa), na juu ya hivyo cheti cha kuzaliwa cha baba au mama. Kama hakipo, kiapo cha kuzaliwa kwake. Na wala hawajaanza leo. Tarehe 9 Desemba 1961 nchi ilipopata uhuru, aliyezaliwa Tanganyika alihesabiwa raia moja kwa moja kama angalau mzazi wake mmoja naye alizaliwa hapa hapa. Kwa hiyo ukimtafuta baba, jiandae kuulizwa habari za babu pia.

Sasa mimi jina langu la ukoo linaanza na O. Mama Msukuma wa Magu, baba Mjaluo wa Shirati, wilaya ya Rorya mkoani Mara, jirani na mpaka wa Kenya, aliyekuja Mwanza kuvua wakati sangara wameshamiri. Nimezaliwa hapa, nimekulia Igoma, na Kisukuma ndicho ninachopatania bei sokoni kila siku. Mara ya kwanza kupeleka maombi (ofisi siitaji, na aliyenihudumia simtaji) yule bwana alisoma jina langu, akanitazama, akasema, "Hili mbona ni jina la Kenya?"

Nikamjibu, "Ni la Rorya, kaka."

"Wote huwa mnasema hivyo."

Nyuma yangu kulikuwa na foleni, na watu walisikia. Nikaulizwa babu yangu amezikwa wapi, nani mwenyekiti wa kijiji chao, mara ya mwisho nimekwenda lini. Nilijibu yote. Mwisho akanisukumia bahasha yangu: lete uthibitisho wa kuzaliwa kwa baba. Watu huniambia dada samehe, kazi yao ndiyo hiyo. Kazi yao naijua, na najua wapo wanaojaribu kupita kwa ujanja. Lakini ule mpaka wetu na Kenya, Waingereza na Wajerumani waliuchora 1886 kwa kukubaliana wao kwa wao, mstari umenyooka kutoka upande wa Pwani kuja ziwani, ukapita katikati ya watu. Bibi zangu walikuwapo pale kabla ya rula ya Mzungu. Nisemwe mimi ndiye niliyevuka?

Haya, tuendelee.

Nilikwenda kwa wakili mmoja mjini. Karani wake akaniandalia kiapo, aliyeapa ni baba mdogo. Kimepigwa muhuri, nimelipa, nimekipeleka. Kikakataliwa kwa swali moja tu: huyu ni mdogo wa marehemu, alimwonaje kaka yake akizaliwa? Hapo andika, kijana wa Sengerema. Anayeapa juu ya kuzaliwa kwa mzazi wako awe mkubwa kuliko mzazi huyo, na awe mtu anayejua habari ile kweli. Ukoo mzima unaweza kuwa na mtu mmoja tu wa namna hiyo. Mtafute angali hai.

Kwetu alikuwa shangazi. Nikapanda basi la Sirari pale Nyamhongolo, Magu, Lamadi, Bunda, daraja la Kirumi, nikashuka Mika, nikaunga Utegi hadi Shirati. Shikamoo shangazi, marahaba mwanangu, umekonda. Nilipomweleza shida yangu alicheka kwanza, halafu akamwambia mjukuu wake aingie chini ya kitanda. Likavutwa sanduku la bati la rangi ya kijani, kufuli limekufa zamani, limefungwa kwa kamba ya nyavu. Ndani vitenge, naftalini, picha za misiba, na chini kabisa mfuko wa nailoni wa sukari. Kwenye mfuko ule kulikuwa na kadi ya ubatizo ya baba ya kanisa la Mennonite, kona moja imeliwa na mende, wino umegeuka kahawia lakini unasomeka: jina, tarehe ya kuzaliwa mwaka 1951, majina ya wazazi wake wote wawili. Na kadi yake ya TANU ya 1974, picha imebanduka, gundi imebaki.

Wamennonite walifika Shirati 1934, kwa hiyo watu wa kule wana bahati, vitabu vya kanisa ni vya zamani kuliko ofisi nyingi za serikali. Kama wazazi wako ni wa Ukerewe au Bukumbi, nenda parokiani. Kama ni Waislamu, uliza vyeti vya ndoa, vyeti vya shule, stakabadhi za kodi, karatasi za kazini. Usidharau karatasi kwa sababu imechakaa.

Furaha yangu ilikoma nilipozisoma vizuri. Kwenye ubatizo baba ni Yohana. Kwenye cheti changu cha kuzaliwa ni John. Kadi ya kanisa inasema North Mara, kadi ya TANU inasema Tarime, na mimi kwenye fomu ya NIDA nilijaza Rorya. Afisa wa safari hii, mama mtu mzima, aliziweka zote tatu mezani akaniuliza kwa upole, "Mzee alizaliwa wilaya tatu?" Tukacheka wote wawili. Nikamweleza kwamba North Mara ndiyo iliyokuja kuitwa Tarime, na Rorya imemegwa Tarime mwaka 2007. Alikuwa anajua, alitaka kuona kama mimi ninajua. Yohana na John vikamalizwa na kiapo cha majina, shangazi huyo huyo, kwamba ni mtu mmoja.

Wa Mwanza hili linawahusu kuliko mnavyodhani. Uliyezaliwa Geita kabla ya 2012, cheti chako kinasema Mkoa wa Mwanza. Wa Buchosa mna Sengerema kwenye karatasi za zamani. Hayo si makosa, usikimbilie kubadilisha cheti, eleza tu historia ya eneo lako. Makosa ni majina. Narudia, majina. Na tarehe. Namba ya NIDA ina tarakimu 20 na nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku yako ya kuzaliwa, kwa hiyo tarehe ikikosewa, kosa limeingia ndani ya namba yenyewe. Kaa chini leo, panga vyeti vyako vyote kitandani, soma jina moja moja, herufi kwa herufi.

Habari za kujaza fomu mtandaoni, picha, alama za vidole na ada ya shilingi 150,000 nazipita, mnazijua au mtaelekezwa. Nilichukua pasipoti yangu dirisha lile lile nililoambiwa "wote huwa mnasema hivyo". Yule bwana hakuwepo. Ningependa awepo.

Sasa niwaambie la moyoni, na msinune. Kuna vishoka nje ya ofisi zetu wanaouza cheti cha kuzaliwa cha mzazi kwa siku moja. RITA, wakala wa serikali anayesajili vizazi na vifo, wanahakiki vyeti, na cheti kisicho kwenye rejista yao ni karatasi tupu, tena ya kukupeleka polisi. Mtu ni Mtanzania halisi, anajigeuza mtuhumiwa kwa uvivu wa kupanda basi kwenda kwao! Inaniudhi sana.

Na nyie ndugu zangu wa mpakani mliojichukulia kipande cha Kenya ili biashara iwe rahisi Migori: Kenya tangu katiba ya 2010 wanaruhusu uraia pacha, Tanzania kwa mtu mzima hairuhusu. Huwezi kudai uraia huku ukiwa umejiandikisha kule. Chagueni. Mkiharibu nyie, tunaoulizwa maswali dirishani ni sisi wenye majina kama yenu.

Na mama unayenyonyesha unasoma hapa: mtoto wa chini ya miaka mitano anaandikishwa bure, kwenye kituo cha afya au ofisi ya kata. Bure, na bado unangoja aanze shule? Baba akiwa safarini ziwani, nenda mwenyewe. Watoto wetu wasije kuhangaika kutafuta masanduku ya shangazi zao.

Kijana wa Sengerema, kazi yako ni hii: uliza nyumbani ni nani aliyekuwepo baba yako alipozaliwa, au dada na kaka zake wakubwa wako wapi. Nenda na daftari. Ukimpata, mpeleke kwa wakili au mahakama ya mwanzo akaape, na umlipie nauli na chakula, usimwache mzee akae kwenye benchi na njaa.

Wengine mnaonitumia picha za vyeti vyenu na namba zenu za NIDA inboksi, acheni. Mimi nauza vitenge, sina mfumo wowote wa kuwahakiki, na hamjui nani mwingine anashika simu yangu. Zipelekeni Uhamiaji.