Babu alitoka Ugenya, mimi nimezaliwa Nakuru: bado nahitaji kupima selimundu?

Ndugu, swali lako ni zuri, ila waliotangulia wamelivuruga. Nalirudia ili tuelewane. Babu yako alitoka Ugenya, Siaya, upande wa Ziwa Victoria, akaja Nakuru kwa kazi ya reli, baba akazaliwa hapa, nawe ukazaliwa hapa, na kwenu hajawahi kutokea mgonjwa wa selimundu. Mchumba wako ni wa Mumias, magharibi mwa Kenya, na anataka mpime kabla ya mahari. Unauliza kama baridi ya Nakuru haijaisafisha damu yenu. Mmoja hapo juu akasema huu ni ugonjwa wa kabila fulani, mwingine akaleta habari za chira (laana ya kuvunja mwiko), wa tatu akasema mwenye grupu ya damu O hana haja ya kupima.

Pima. Baridi haijasafisha kitu, na sababu yake inaonekana kwa hesabu ya darasa la nane.

Kwanza tujue tunazungumzia nini. Ndani ya chembe nyekundu za damu kuna himoglobini, inayobeba oksijeni. Maelekezo (jeni) ya kutengeneza sehemu yake moja, mnyororo wa beta, yako kwenye kromosomu ya 11. Selimundu ni kosa la herufi moja tu katika maelekezo hayo: mahali pa herufi A ya DNA imekaa T, na kwa hiyo asidi amino ya sita inakuwa valini badala ya asidi ya glutamiki. Himoglobini hiyo inapoachia oksijeni hushikana kama nyuzi, na chembe inapinda ikawa kama mundu. Kila mtu ana nakala mbili za maelekezo hayo, moja ya baba na moja ya mama. Nakala nzima tuiite A, yenye kosa tuiite S. AA ni kawaida, AS ana nakala moja ya kosa na kwa kawaida haugui, SS ndiye mgonjwa.

Sasa jiulize: jeni inayoua watoto ingepaswa kupungua hadi iishe. Zamani, bila matibabu, watoto wengi wa SS hawakufika umri wa kuanza shule. Mbona basi kando ya Ziwa Victoria bado imejaa?

Chukua watoto 100 wanaozaliwa mahali ambapo nakala 1 kati ya 10 ni S. Utapata 81 wa AA, 18 wa AS na 1 wa SS. Tuseme huyo wa SS anafariki. Sasa ingiza malaria kali, iue 9 kati ya wale 81 wa AA, na wa AS wote wapone. Wanabaki 72 na 18, jumla watu 90 wenye nakala 180. Nakala za S ni 18. Gawanya: ni 1 kati ya 10, pale pale tulipoanzia. Kizazi kijacho kitazaliwa na hesabu ileile, na kinachofuata vilevile. Jeni haipungui wala haiongezeki, kwa sababu kila inapopoteza upande mmoja inalipwa upande wa pili. Mageuzi ya viumbe hayakumtafuta binadamu asiye na kasoro. Yalifuata hesabu ya waliobaki hai hadi kuzaa, basi.

Na malipo hayo si ya kubuni. Utafiti wa Asembo, Siaya, uliochapishwa mwaka 2002 ulikuta kwamba watoto wa AS wa umri wa miezi 2 hadi 16 walikuwa na hatari ya kufa pungufu kwa takriban asilimia 60 kuliko wenzao wa AA. Kwa malaria kali peke yake, tafiti za Kilifi zinaweka kinga ya AS karibu asilimia 90. Kimelea kikiingia kwenye chembe ya AS, chembe hiyo hupinda upesi na wengu huichuja kabla kimelea hakijakomaa. Pia chembe iliyoambukizwa haing'ang'anii vizuri kwenye kuta za mishipa midogo, na kung'ang'ania huko ndiko kunakoleta malaria ya ubongo.

Hapa watu wengi huteleza, kwa hiyo nasema taratibu. AS naye anaweza kuumwa malaria. Alichokingwa nacho zaidi ni ile kali inayoua, kwa hiyo neti ni yake pia. Na SS hana kinga ya kutegemea hata kidogo: malaria ni miongoni mwa vitu vinavyomuua haraka. Kuna wazazi wanaoacha kumlaza mtoto wa SS kwenye neti kwa sababu walisikia "selimundu inazuia malaria". Hilo ni kosa la kufisha.

Tuje kwenye ramani, na kwa nini Nakuru si Kisumu. Kimelea cha falsiparamu, kile kinacholeta malaria kali, kinahitaji muda ndani ya mbu kabla hajaweza kuambukiza, na muda huo unategemea joto. Kanuni yake: gawanya 111 kwa joto la wastani ukiondoa 16. Kisumu, penye nyuzi kama 23, ni 111 kwa 7, yaani siku 16 hivi. Mbu wengi wa kutosha wanafika hapo. Nakuru, penye nyuzi karibu 18, ni 111 kwa 2, siku 55. Mbu gani anaishi siku 55? Kwa hiyo mita mia saba na ushee za mwinuko kati ya Kisumu na Nakuru zilitosha kuamua ni watoto gani wangekufa, na ni jeni gani ingelipwa.

Aliyelionyesha hili kwenye ramani alikulia shambani Gilgil, jirani na Nakuru. Ni mtafiti Anthony Allison. Mwaka 1949 alizunguka Kenya akikusanya damu, akakuta jeni hii kwa wingi kando ya ziwa na pwani, lakini adimu nyanda za juu, akachapisha hoja yake ya malaria mwaka 1954. Aliwaambukiza malaria kwa makusudi Waluo watu wazima 30 waliojitolea: kati ya 15 wasio na S, 14 walionekana na vimelea, na kati ya 15 wenye AS ni 2 tu. Leo hakuna kamati ya maadili ingempa ruhusa hiyo, lakini hoja yake ya malaria imesimama.

Hapo ndipo hoja ya kabila inapoanguka. Mluo na Mluhya wanazungumza lugha zisizo na undugu wowote wa karibu, moja ya Kiniloti na nyingine ya Kibantu, lakini jeni ya S imejaa kwa wote wawili kwa sababu wote wameumwa na mbu walewale kwa mamia ya miaka. Mluhya na Mkikuyu ni ndugu wa lugha, wote Wabantu, lakini Mkikuyu wa nyanda za juu anayo kwa nadra sana. Lugha inasema hivi, damu inasema vile. Na usidhani ni ya Waafrika peke yao. Iko Ugiriki, iko Uarabuni, iko India, mahali palipokuwa na malaria. Kuna uchambuzi wa jeni wa mwaka 2018 uliokadiria kwamba kosa lenyewe lilitokea mara moja, hapa Afrika, kama miaka 7,300 iliyopita, kisha likasafiri na watu. Kuhusu chira sitasema mengi: chira haichagui kromosomu ya 11.

Sasa swali lako lenyewe. Babu alipohamia Nakuru, malipo yalikoma, ila deni la SS likabaki. Rudi kwenye wale watoto 100, safari hii bila malaria: wanabaki 81 wa AA na 18 wa AS, watu 99 wenye nakala 198. S ni 18 kati ya 198, yaani asilimia 9.1 badala ya 10. Kizazi cha pili, asilimia 8.3. Kwa hiyo kama kwa babu yako wenye AS walikuwa 18 katika 100, kwenye kizazi chako, hata kama ukoo wote ungehamia Nakuru na kuoana wenyewe kwa wenyewe, ni kama 15 katika 100. Kushuka hadi nusu ya nakala za mwanzo kunataka vizazi 10, karibu miaka 250. Reli yenyewe haijafika umri huo.

Na kwamba kwenu hajatokea mgonjwa si ushahidi. AS akioa AA hawezi kuzaa SS, anazaa AS kwa nusu ya uwezekano. Jeni inaweza kupita kimya kwa babu, baba na wewe, ikasubiri siku utakapokutana na AS mwenzako. Nawe umepata mchumba Mumias!

Kupima kwenyewe. Kwenye fomu iandikwe "elektroforesisi ya himoglobini" au "HPLC", vipimo vinavyotenganisha aina za himoglobini. Usikubali kipimo cha kupindisha chembe peke yake, kile cha bei nafuu, kwa sababu hakitofautishi AS na SS. Kinafanywa hivi: tone la damu kwenye slaidi, tone la sodiamu metabisalfaiti ya asilimia 2 (gramu 0.2 kwenye mililita 10 za maji yaliyotoneshwa), kioo chembamba juu, kingo zinazibwa kwa Vaseline ili hewa isiingie, kisha kutazama kwa hadubini baada ya dakika 15 hadi 30, na kurudia hadi saa 24 kama hakuna kitu. Kinaharibika kwa njia za kijinga: dawa iliyochanganywa jana imeshakufa, kwa hiyo ichanganywe siku ileile, kiputo cha hewa chini ya kioo kinaleta "hakuna" ya uongo, na slaidi iliyokauka inatoa chembe zenye miiba ambazo mtu mwenye haraka anaziandika kuwa mundu. Kwa mtoto wa chini ya miezi 6 usikitumie kabisa, maana himoglobini ya uchanga bado inaficha S.

Kwa kipimo sahihi zinatosha mililita 2 kwenye kichupa cha kifuniko cha zambarau. Huhitaji kufunga kula. Ila kama umeongezwa damu ndani ya miezi 4, ngoja: chembe za mtu mwingine huishi hadi siku 120, na utapimwa damu ya aliyekuchangia.

Grupu O haihusiani. Grupu ni sukari zilizo juu ya chembe, selimundu ni himoglobini ya ndani, na jeni zake ziko kwenye kromosomu mbili tofauti. Ni kweli O nayo hupunguza hatari ya malaria kali, labda ndipo mchanganyiko ulipotoka, lakini mtu anaweza kuwa O na SS.

Mkikuta mmoja wenu ni AA, endeleeni na mahari. Mkiwa wote AS, kila mimba ina uwezekano wa robo kuwa SS, kila moja upya. Si kwamba mmoja akishatokea watatu wanaofuata wako salama. Mkiamua kuendelea, mtoto apimwe kwa tone la kisigino mara tu anapozaliwa, ili akiwa SS aanze penisilini ya kunywa mapema, kwa kawaida miligramu 125 mara mbili kwa siku kuanzia mwezi wa pili hivi, pamoja na kinga ya malaria na kliniki ya kudumu.

Majibu yakitoka, soma asilimia, usisome neno "positive" peke yake. AS wa kawaida ana A nyingi kuliko S, kama 60 kwa 40. S ikiwa chini ya 35 inaweza kuwa alfa thalasemia (kasoro nyingine ya kurithi ya himoglobini) au upungufu wa madini ya chuma, na bado ni AS. Ukiona S imeizidi A na hujaongezwa damu, hiyo si AS ya kawaida: rudia, na daktari atafute beta thalasemia. Ukikwama, weka hapa zile namba tu, jina lifute.