Siku moja ya batiki ya Wahmong
Uliuliza kama siku moja inatosha kujifunza batiki ya Wahmong, jamii ya watu wa milimani, kule Luang Prabang, Laos. Kuonja, ndiyo. Kuijua, hapana, sketi yao moja ya marinda huchukua miezi. Shughuli iko kwenye nta ya nyuki. Unachovya kalamu ya kichwa cha shaba, unachora: nta ikipoa haipenyi kitambaa, ikizidi moto inatapakaa. Mstari wangu wa kwanza ulitoka kama mnyoo! Kisha nili, rangi ya buluu ya mmea: unachovya kitambaa, unatoa, kijani kinageuka buluu hewani, unarudia tena na tena. Maji ya moto ndiyo yanayotoa nta, michoro myeupe ikabaki. Vaa nguo kuukuu, kucha zitakaa buluu siku kadhaa.