Maswali na majibu: Kusimba magonjwa ya zinaa kwa mama mjamzito

Barua nyingi safari hii zimegusa jambo moja: misimbo ya ICD-10, yaani orodha ya kimataifa ya kuainisha magonjwa kwa herufi na namba, pale mama anapokutwa na ugonjwa wa zinaa akiwa na mimba, akiwa leba au akiwa ameshajifungua. Nitafuata ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani. Nikitaja toleo la Marekani, ninamaanisha ICD-10-CM, lililoanza kutumika huko tarehe 1 Oktoba 2015 na lenye tarakimu nyingi zaidi.

Shikamoo mwalimu. Mjamzito wa wiki 20 amepimwa, akakutwa na kaswende. Niliandika A53.9 tu, faili likarudishwa. Nimekosea wapi?

Marahaba. Ugonjwa umeupata, mimba umeisahau. Misimbo ya herufi O, yaani Sura ya 15 ya ujauzito na kujifungua, hutangulia misimbo ya sura nyingine ugonjwa unapotokea ndani ya ujauzito. Kwa kaswende unaanza na O98.1, ndipo unaweka msimbo wa ugonjwa wenyewe kutoka Sura ya 1, ya magonjwa ya kuambukiza. Kwa toleo la Marekani ungeandika O98.112, kwa kuwa wiki ya 20 iko katika muhula wa pili, na ungeongeza Z3A.20 kuonyesha umri wa mimba.

Sasa turudi kwenye hiyo A53.9, maana nayo inanisumbua. Ni msimbo wa kaswende isiyoelezwa. Kabla hujaukimbilia, soma faili lote, na likikwama muulize aliyemtibu: ni kaswende ya mapema (A51) au ya muda mrefu (A52)? Wengine huongeza Z33.1 ya Marekani, inayosema mimba ipo lakini haihusiani na tatizo. Huo huandikwa tu pale mtoa huduma mwenyewe ameandika kwamba ugonjwa hauathiri mimba. Msimbaji hana mamlaka ya kuamua hivyo.

Ninalisisitiza hili kwa sababu kaswende hupita kwenye kondo la nyuma ikamfikia mtoto. Isipotibiwa inaweza kuleta mtoto mfu, mtoto njiti, au mtoto aliyezaliwa na kaswende, ilhali penisilini ya benzathini inaitibu. Faili lenye A53.9 peke yake linazama katikati ya wagonjwa wengine wote wa kaswende. Anayehesabu wajawazito wenye ugonjwa huu ili dawa zitengwe za kutosha hatamwona huyo mama.

Kwa nini klamidia, trikomona na malengelenge ya sehemu za siri vyote vinaingia O98.3? Malengelenge si ya virusi? Nilidhani ni O98.5, ya magonjwa mengine ya virusi.

Wengi hujikwaa hapa. O98 haikupangwa kwa aina ya kijidudu peke yake. Inafuata mafungu ya Sura ya 1. Kaswende (A50 hadi A53) ina O98.1 na kisonono (A54) kina O98.2. Yote yaliyo kati ya A55 na A64 yanakwenda O98.3, na humo mna klamidia (A56), trikomona (A59), malengelenge ya sehemu za siri (A60) na sunzua za sehemu za siri (A63.0). Kwa hiyo malengelenge, japo ni ya virusi, yako O98.3. Homa ya ini B nayo, ingawa huambukizwa pia kwa kujamiiana, ina mahali pake: O98.4. Tazama kwanza namba ya ugonjwa, nayo itakuonyesha O98 ipi.

Mama kalazwa akiwa na wiki 38 na klamidia, akajifungua kesho yake. Niandike muhula wa tatu au kujifungua?

Kujifungua. Kwa toleo la Marekani, mama akijifungua katika kulazwa huko huko, na msimbo una chaguo la kujifungua, unachukua hilo: O98.32, kisha A56. Baada ya kujifungua, hadi wiki sita, ni O98.33. Mihula huhesabiwa kuanzia siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho: wa kwanza ni chini ya wiki 14 kamili, wa pili chini ya wiki 28, wa tatu kutoka hapo hadi kujifungua.

Mjamzito anaishi na VVU, anatumia dawa, hajawahi kuugua chochote kinachotokana na VVU. B20 au Z21?

Hapa matoleo mawili yanaachana, basi soma polepole. Kwa Marekani, asiye na dalili anapewa O98.7, ya VVU katika ujauzito, yenye tarakimu ya muhula, ikifuatiwa na Z21. Aliyewahi kupata ugonjwa unaotokana na VVU anapewa O98.7 na B20, pamoja na msimbo wa ugonjwa huo. Akishaingia B20 harudi tena Z21, hata kama leo ana afya njema.

Katika ICD-10 ya kimataifa, Z21 imetolewa nje ya O98. Mama asiye na dalili haingizwi O98.7, anaandikiwa Z21. Nimeona mafaili ya kina mama wazima kabisa yakiwa na B20 kwa sababu tu mtu aliona neno VVU akaandika msimbo wa kwanza uliomjia. Hiyo ni kumwandikia mtu ugonjwa asio nao, na maandishi hayo atatembea nayo miaka yote.

O98 inaandikwa pia kwenye faili la mtoto?

Hapana, kamwe. Sura ya 15 ni ya mama peke yake. Mtoto ana misimbo yake: A50 kwa kaswende ya kuzaliwa nayo, A54.3 kwa kisonono cha macho, P39.1 kwa uambukizo wa macho wa klamidia kwa mtoto mchanga. Mtoto akichunguzwa kwa kushukiwa maambukizi kisha akaonekana hana, toleo la Marekani lina Z05.1.

Alitibiwa kisonono akapona kabla ya kushika mimba. Nitumie O98.2?

La. Hiyo ni historia, inakwenda Z86.1. Na akija kupimwa tu bila dalili, uchunguzi huo ni Z11.3.

Daktari ameandika "huenda ni kisonono". Nisimbe?

Kwa kanuni za Marekani, mgonjwa wa nje husimbiwi "huenda"; unasimba dalili zilizomleta, kama maumivu au uchafu ukeni. Mgonjwa wa kulazwa, ikiwa neno hilo limebaki hadi anaporuhusiwa, husimbiwa kana kwamba ugonjwa upo. VVU ni miongoni mwa vichache vyenye kinga ya pekee: hata kwa aliyelazwa, unasimba kilichothibitishwa tu. Uthibitisho wenyewe si lazima uwe karatasi ya maabara. Maelezo ya mtoa huduma kwamba mgonjwa ana VVU yanatosha. Yakikosekana, rudisha faili kwake na umwulize.