Uanzie wapi kuhariri saa 30 za picha za Hombolo

Mdogo wangu, umeuliza uanzie wapi na saa 30 za picha za wakulima wa zabibu wa Hombolo, na kama uhariri wa filamu za hali halisi unaweza kukulisha ukiwa Dodoma.

Kabla ya kukata chochote, tazama picha zote na uandike daftarini maneno ya kila mhojiwa pamoja na dakika aliyoyatamka, kwa sababu filamu ya namna hii kwa kawaida haina mswada kamili, na hadithi yake hupatikana mezani kwa mhariri. Mkulima akinyamaza sekunde nne huku akifuta mkasi wa kupogolea, mwache anyamaze. Mimi niliwahi kuukata ukimya kama huo, nikaurudisha usiku wa manane. Sikiliza pia upepo kwenye maikrofoni mapema, maana mtazamaji huvumilia picha hafifu kuliko sauti mbovu.

Kuhusu kipato, sikufichi: filamu ndefu pekee hazitalipa kodi ya chumba. Pokea video fupi za taasisi, ila mkubaliane kwa maandishi idadi ya marekebisho kabla hujapokea malipo ya awali.