Anamwita nani?

Tarehe 10 Agosti 2019 lori la mafuta lilipinduka Msamvu, Morogoro. Watu wakakimbilia na madumu kuchota petroli, moto ukalipuka. Ukihesabu na waliofia wodini, waliopoteza maisha walipita 100. Siku hiyohiyo video zikafika kwenye simu yangu.

Nilikuwa nakula ugali. Nikafungua moja, mkono wa kulia unaendelea kumega tonge. Mtu anatembea, nguo zimemwishia mwilini kwa moto. Mpwa wangu wa miaka tisa akachungulia begani kwangu. "Mjomba, anamwita nani?" Nilikuwa sijasikia hata kwamba anaita.

Wakati ule nilikuwa na akaunti ya jina la kubuni na picha ya simba. Kwa akaunti hiyo nilikuwa nimeshaandika: "Tamaa imewaponza." Nikapata vicheko vingi. Majeruhi wengine walipelekwa Muhimbili. Je, ningeweza kumtamkia hivyo mama aliyekaa pale nje kusubiri habari za mwanawe? Ningempa pole, tena kwa sauti ya chini, kama nilivyolelewa. Nyuma ya simba yule sikuwa na uso wa mama huyo mbele yangu, wala jina la baba yangu la kulichafua.

Akaunti ile niliifuta. Ushauri wangu ni huu: neno usiloweza kuliandika kwa jina lako ukiwa unamsema aliyefikwa na msiba, limeze. (Sisemi kila anayejificha ni mkatili. Binti anayeeleza aliyotendwa na mkubwa wake ana haki ya kujificha.) Kwenye WhatsApp, ingia kwenye mipangilio uzime video zisijipakue zenyewe, ili kila unayoitazama uwe umeamua. Na picha ya maiti ikiingia kwenye kundi la familia, mpigie simu aliyeituma. Usimwandikie, mpigie. Mimi huuliza tu, "Ndugu yangu, wazazi wake wameshaiona?" Wengi huifuta tukiwa bado tunaongea.

Tunayo Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, na laini zetu tumezisajili kwa alama za vidole. Lakini hofu ya polisi isingenifanya nisikie sauti ya yule mtu.

Mpwa wangu sasa ana simu yake. Siku ya kumkabidhi nilikaa naye, nikamweleza niliyoyaandika siku ile. Alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama nilipata kujua alikuwa anamwita nani.