Wajue Wenyeji Kwanza: Kwa Wanaoanza Kazi ya Spishi Vamizi Mombasa

Mwezi wa kwanza wa kazi hii kila mtu hutaka kukata kitu. Nami nilitaka. Nilipewa panga, nikaonyeshwa mwarobaini ulioingia kwenye msitu mdogo upande wa Kwale, nikakata siku tatu hadi viganja vikachubuka. Tuliporudi baada ya vuli, kila kisiki kilikuwa kimetoa machipukizi sita, saba, yamesimama wima. Penye shina moja pamekuwa kichaka. Kibaya zaidi, katika pupa yangu nilikuwa nimefyeka na miche ya miti ya asili ambayo sikuijua kwa sura wala kwa jina.

Kwa hiyo wadogo zangu, panga lisubiri. Jifunzeni wenyeji kwanza: miti kumi ya pwani kwa majani yake, ndege kumi kwa sauti zao. Madhara ya spishi vamizi, yaani mimea na wanyama wageni wanaoenea na kuwasonga wenyeji, hayaonekani kwa wingi wa mgeni tu. Yanaonekana kwa kukosekana kwa mwenyeji, na huwezi kugundua amekosekana mtu usiyemjua.

Chukueni kunguru wa Kihindi, yule mwenye shingo ya kijivu. Asubuhi moja huko Nyali nilikaa chini ya mti wenye viota vya minana. Walikuja kunguru wawili. Mmoja akatua ncha ya tawi akapiga kelele, minana wote wakamwendea kumfukuza. Wa pili akaenda moja kwa moja kwenye kiota, akakipasua ubavuni kwa mdomo, akamtoa kinda kwa bawa. Haikufika dakika. Kisha wakahamia kiota cha pili. Nilipopita tena wiki mbili baadaye, viota vilikuwa vinaning'inia vitupu, na mti mzima kimya. Kimya hicho kiandikeni daftarini pamoja na tarehe na saa. Ni taarifa kama nyingine yoyote.

Ndege huyu aliletwa Zanzibar miaka ya 1890 ili ale taka, na kufikia 1947 alikuwa ameonekana Mombasa. Taka bado ndizo zinazomlea. Mwaka 2024 serikali ilitangaza mpango wa kuwaangamiza kunguru milioni moja kwa sumu. Mimi naunga mkono kuwapunguza, lakini sumu bila kufunika mapipa, bila kuondoa mabaki ya samaki na nyama sokoni kabla ya jua kutua, ni kuteka maji kwa pakacha. Atakayepewa zamu ya kuzungumza na wachuuzi asijione ametengwa na kazi ya maana. Hiyo ndiyo kazi.

Msianguke pia katika kosa la kuchukia kila kilichotoka nje. Mwembe asili yake ni Asia, na hakuna anayeulalamikia. Mfano mzuri uko hapa hapa, machimbo ya Bamburi. Mvinje ulipandwa pale kuanzia miaka ya 1970, ukastahimili mawe matupu, majongoo wakavunjavunja majani yake yaliyoanguka, udongo ukapatikana, na miti mingine ikafuata. Katika kazi hiyo hiyo ya kufufua machimbo karibu na Mombasa, mwaka 1973 ililetwa mbegu ya mathenge, mti wa miiba. Miaka ya 1980 mti huo ukapandwa Baringo na Bura ili kuzuia jangwa, na leo wafugaji wa Baringo wanalia: malisho yamefunikwa, miiba inachoma miguu, na maganda yake matamu yanaharibu meno ya mbuzi. Kwa hiyo ulizeni kila mgeni: unajizalisha wenyewe? Nani anakubebea mbegu? Unamnyima nani jua na maji?

Mwarobaini una majibu mabaya kwa yote matatu ukifika msituni, hata kwenye kaya za Wamijikenda, misitu yao mitakatifu, zilizoingizwa katika orodha ya UNESCO mwaka 2008. Ndege na popo hula tunda lake la manjano na kudondosha mbegu chini ya miti ya asili. Lakini uani kwa watu ni dawa. Mama mmoja wa Likoni alinishika mkono: "Mwanangu, huu ndio ulionilelea watoto, mwaukata kwa nini?" Nilimwambia, "La, mama, wa nyumbani hatuugusi. Twaomba tu tufagie matunda yake." Akatuletea fagio mwenyewe. Ningekwenda kwake na panga, mtaa mzima ungetufungia milango.

Mbegu ya mwarobaini haikai sana ardhini. Baada ya wiki chache nyingi zimekufa. Hapo ndipo tunapoushinda: kung'oa miche kila baada ya mvua, msimu hadi msimu, kabla haijazaa. Mche mchanga hutoka kwa vidole viwili udongo ukiwa na maji. Tazama ukingo wa jani, una meno kama msumeno. Ukiwa na shaka, usiung'oe, mwite mwenzako. Masika yakianza tutaingia msituni alfajiri. Njooni na daftari, penseli na viatu vya kufunika kidole. Mapanga tutayaacha garini.